Siku tuliyorudi njiani: familia zetu katika theluji ya Rocky Mountain

Mjadala ulianza baada ya sala ya Isha, na nusura utugawe. Tangazo tulilolibandika juu ya rafu za viatu lilisema kwamba kamati ya msikiti inakusudia kuzipeleka familia katika Hifadhi ya Taifa ya Rocky Mountain, jimboni Colorado, kwa siku moja ya mwezi wa Januari. Asubuhi tungezungushwa kwa gari pamoja na kiongozi wa kutuonyesha milima. Mchana wenye nguvu wangetembea juu ya theluji kwa viatu vilivyotengenezwa kwa kazi hiyo. Mzee mmoja wa kamati, mwenyeji wa Tanga, alilibandua tangazo ukutani akaja nalo mkononi.

“Mtu wa pwani na theluji, wapi na wapi?” aliuliza. “Mwaka jana vijana wenu walikwenda, gari likaishia mtaroni. Safari hii mnataka tukachimbe kaburi?”

Neno lilikuwa kali, lakini hakulizua. Vijana wetu watano walipanda milimani kwa matairi ya kawaida, hawakuuliza hali ya barabara, wakateleza gizani na kukaa saa nyingi wakingoja gari la kuwavuta. Hakuumia mtu. Mama zao, hata hivyo, hawakulala usiku ule, na sisi tulioshika simu mpaka alfajiri hatujausahau.

Kwa wasomaji walioko Afrika Mashariki, tueleze kidogo. Msikiti wetu uko Aurora, mji uliopakana na Denver. Wanaosali humo wametoka Tanzania, Kenya na mashariki ya Kongo, pamoja na ndugu zetu Wasomali waliokulia katika kambi za Kenya, na Kiswahili ndicho kinachotuunganisha barazani. Milima ya Rocky tunaiona kila siku upande wa magharibi. Tunapoelekea kibla huwa migongoni mwetu, na kwa wengi wetu imebaki huko huko migongoni miaka kumi, miaka kumi na tano. Watoto wanaijua theluji ya mjini, ile iliyochanganyika na chumvi na matope kando ya barabara. Ile ya juu wameiona dirishani tu, wakaihesabu kuwa mali ya watu wengine. Hilo ndilo lililotusukuma. Tuliona vibaya mtoto azaliwe katika nchi, asome katika shule zake, kisha auogope mlima unaoonekana kutoka uwanja wa shule hiyo hiyo.

Tulimjibu mzee kwa hoja aliyoijua kuliko sisi. “Mzee wetu, nahodha mgeni akifika mlangoni mwa bandari ambayo miamba yake haijui, hufanya nini?” Akasema hungoja rubani. Tukamwambia kwamba na sisi hatutaingia bila rubani. Alinyamaza kitambo, kisha akatoa sharti lake: “Basi rubani akisema geuzeni, mnageuza. Na mimi nitakuwamo.”

Kumpata kiongozi hakukuwa kugumu kama tulivyodhani. Hifadhi yenyewe huendesha, katika miezi ya baridi, matembezi ya theluji yanayoongozwa na maaskari wake bila malipo ya ziada. Anayetaka hujiandikisha mapema, na watoto walio chini ya miaka 8 hawachukuliwi. Kundi letu la watu 26 lilikuwa kubwa mno kwa utaratibu huo. Tukaenda kwa moja ya kampuni zenye kibali cha kuongoza wageni ndani ya hifadhi, ambazo hukaa Estes Park, mji mdogo ulio mlangoni mwake. Tulipewa magari mawili yenye matairi ya theluji na viongozi wawili, kijana dereva na mama wa makamo aliyeifanya kazi hiyo zaidi ya miaka ishirini. Saa moja haikupita watoto walikuwa wanamwita Mama Theluji, naye alipofasiriwa jina hilo alicheka, akalipokea.

Tuliondoka Aurora baada ya sala ya Alfajiri. Denver yenyewe iko mita 1,600 juu ya usawa wa bahari. Estes Park iko karibu mita 2,300. Na Bear Lake, ziwa dogo tulilokusudia kuanzia matembezi, liko karibu mita 2,900, yaani kiasi cha nusu ya urefu wa Kilimanjaro. Kwa hiyo jambo la kwanza alilolifanya Mama Theluji lilikuwa kugawa maji ya kunywa, hata kwa waliosema hawana kiu. Hewa ya juu ni nyepesi na kavu, alisema, na mwili hupoteza maji bila mtu kuona jasho. Kichwa kikianza kugonga au tumbo likichafuka, mtu aseme mara moja, asione haya. Wazee wetu wawili wenye shinikizo la damu walikuwa wamekwisha kumwuliza daktari wao wiki iliyotangulia, na mmoja alishauriwa abaki Estes Park. Alibaki, akanywa chai, na hakututania tuliporudi.

Jambo la pili lilikuwa miwani ya jua. Aligawa kwa kila mmoja, akasimulia kisa tulichokipenda watu wazima kuliko watoto. Enos Mills, aliyepigania kuliko wengine wote kuanzishwa kwa hifadhi hiyo, alikuwa kwa kazi yake kiongozi wa wapanda milima. Aliwahi pia kuajiriwa na jimbo la Colorado kupima kina cha theluji vileleni, ili watu wa mabondeni wakadirie maji watakayoyapata itakapoyeyuka. Siku moja, akiwa peke yake juu kabisa, alipoteza miwani yake, na mng’ao wa jua juu ya weupe ule ukamtia upofu. Alishuka kwa kupapasa miti, akitambua kwa aina ya mti uliogusana na mkono wake kama yuko ubavu wa kaskazini wa bonde au wa kusini. Macho yake yalipona. Hifadhi ikaanzishwa kwa saini ya Rais Woodrow Wilson tarehe 26 Januari 1915, na mwaka 1917 dada wawili wa tumbo moja, Esther na Elizabeth Burnell, wakawa wanawake wa kwanza kupewa leseni ya kuongoza watu humo. Wasichana wetu waliokaa kiti cha nyuma waliuliza mara mbili kuhusu hao dada.

Mzunguko wa gari ulitufaa kuliko tulivyotarajia, hasa kwa bibi zetu na akina mama wenye watoto wachanga, ambao katika safari nyingi za vijana huachwa nyumbani na mabakuli ya chakula. Barabara kuu ya hifadhi, Trail Ridge Road, hupanda mpaka mita 3,713 na kuvuka ule mgongo wa bara unaogawa maji: yamwagikayo magharibi huelekea upande wa Pasifiki, na ya mashariki huelekea upande wa Atlantiki. Mto Colorado wenyewe chanzo chake kimo humo. Lakini sehemu ya juu ya barabara hiyo hufungwa kwa kawaida kuanzia katikati ya Oktoba mpaka mwishoni mwa Mei, na kwa upande wa mashariki gari hufika Many Parks Curve tu. Hapo pana lango. Mzee wetu wa Tanga alishuka, akaliendea, akatazama ng’ambo yake. Barabara iliendelea, lakini haikuonekana, ilikuwa imezikwa. “Kumbe na wao hufunga bandari,” alisema, akarudi garini.

Chini, katika uwanda wa Moraine Park, tulikuta kundi la elki. Ni wanyama wa jamii ya kulungu, ila kwa ukubwa wanakaribia ng’ombe, na dume huwa na pembe kama matawi ya mkorosho uliopukutisha majani. Dereva alisimama mbali. Kanuni ya hifadhi ni kwamba mtu asiwakaribie chini ya mita 23, na Mama Theluji alituambia sababu: katika baridi mnyama huishi kwa mafuta aliyoyaweka mwilini tangu vuli, na kila anapokimbizwa na mpiga picha hutumia akiba ambayo hawezi kuirudisha mpaka majani yaote.

Kule kwenye miteremko ya juu tuliona misitu iliyobaki vigogo vyeusi juu ya weupe. Ilikuwa alama ya mwaka 2020, ambapo moto mkubwa ulioitwa East Troublesome uliuruka mgongo wa bara mwezi Oktoba, ukapita juu ya mawe na nyasi fupi pasipo mti wa kuushika, ukaangukia upande wa mashariki. Wakazi wa Estes Park walihamishwa kwa haraka, magari yakiwa yamefuatana chini ya moshi. Mama mmoja wa Kasongo, aliyeikimbia nyumba yake zaidi ya mara moja kabla ya kuja Marekani, alisikiliza tafsiri mpaka mwisho. “Kumbe na watu wa hapa wanakimbiaka,” alisema kwa Kiswahili cha kwao. Hakuongeza neno, nasi hatukumwuliza.

Bear Lake tulisali Adhuhuri na Alasiri kwa pamoja juu ya turubai tuliyoitandika pembeni mwa maegesho. Mlango wa kupaka maji juu ya khofu tuliusoma chuoni Zanzibar katika joto la Februari, tukijipepea kwa daftari, na tukiri kwamba tuliuhifadhi kwa ajili ya mtihani. Siku ile tulimshukuru mwalimu wetu. Waliovaa soksi na buti zilizotimiza masharti wakiwa na udhu kamili kabla ya kutoka nyumbani hawakulazimika kuweka mguu mtupu juu ya barafu. Baada ya sala Mama Theluji alichimba shimo la kimo cha mtoto, akawaambia watoto wapenyeze mikono chini kabisa. Chini palikuwa na joto kuliko juu. Theluji huhifadhi joto la ardhi kama blanketi, alieleza, na panya wadogo hupita humo njiani mwao majira yote ya baridi. Msichana wa darasa la madrasa akainua konzi ya theluji safi, akatuuliza kama hiyo ndiyo inayotajwa pamoja na maji katika dua ya kufungulia sala. Tukamwambia ndiyo, na kwamba hata neno letu theluji limetoka katika neno hilo la Kiarabu. Alikuwa akiisoma dua hiyo tangu ana miaka sita.

Waliotembea walikuwa kumi na wanne. Viatu vyenyewe ni fremu ya alumini yenye upana wa sinia ndogo, iliyowambwa kitambaa kigumu, na chini yake meno ya chuma ya kushika barafu. Hufungwa juu ya buti kwa mikanda, kisigino kikiachwa huru kuinuka. Siri yake ni kuutandaza uzito wa mtu mahali papana, ili asizame. Hutembewa kwa miguu iliyoachana kidogo, kama bata, na asiyezoea akijaribu kurudi kinyumenyume hujikwaa mkia wa kiatu chake mwenyewe na kuketi. Tuliketi sana. Akina dada walivaa suruali za kuzuia maji chini ya majoho waliyoyafupisha kidogo kwa pini, na walikwenda vizuri kuliko baadhi ya waume zao.

Njia tuliyoichagua hupitia Nymph Lake mpaka Dream Lake, kiasi cha kilomita 1.8 kutoka Bear Lake. Mama Theluji alikuwa ameisoma asubuhi taarifa ya kituo cha jimbo kinachotoa kila siku tahadhari za maporomoko ya theluji. Aliweka fimbo yake ubavuni mwa mlima kuwaonyesha watoto: mteremko ulio laini haumwagi mzigo wake, ulio wima mno hauuweki, na hatari kubwa iko katikati, baina ya nyuzi 30 na 45, ambako theluji hurundikana kisha ikakatika yote kwa pamoja. Kwa hiyo hakupita chini ya miteremko ya aina hiyo hata pale ambapo nyayo za wengine zilipita.

Tulipofika Nymph Lake kila mtu alikuwa na furaha. Ziwa lilikuwa uwanja mweupe, na upepo uliinua vumbi la theluji mistari mistari. Tulipiga picha. Mama Theluji hakutazama picha; alikuwa anamtazama kijana wetu mmoja wa miaka kumi na mmoja.

Kijana huyo alizungumza bila kituo tangu Aurora. Sasa alikuwa kimya. Alikuwa amevua glavu na kuzishika, na alipoulizwa kama anahisi baridi alisema hapana, akasema tena hapana, kwa ulimi mzito kidogo kuliko wake wa kawaida. Mama Theluji alipiga goti, akamwambia aguse kidole gumba kwa kidole kidogo cha mkono huo huo. Alikosa mara mbili. Suruali yake ilikuwa ya jinzi, na kwa sababu alicheza na kuketi theluji tangu mwanzo, ilikuwa imelowa mpaka mapajani na kuanza kukakamaa.

Hatukuona kelele wala haraka. Alimkalisha juu ya begi ili asikae barafuni, akamvua koti lililolowa na kumvika la akiba kutoka begi lake, glavu nene, kofia kavu, na suruali ya kuzuia upepo juu ya ile jinzi. Akampa maji ya moto yenye sukari kidogo kidogo, na kipande cha halua tulichokuwa nacho. Kisha akasimama, akasema kundi lote linarudi.

Hapo ndipo ulipotupata mtihani. Dream Lake ilibaki kiasi cha kilomita moja. Baba mmoja alisema kwa adabu kwamba kijana arudishwe na mtu mmoja, wengine waendelee. Wamelipa, watoto wamengoja mwezi mzima. Mwingine akaunga mkono. Watoto wawili walianza kulia. Mama Theluji alijibu kwamba yeye ni kiongozi mmoja na hawezi kugawanyika. Kwamba upepo unazidi. Na kwamba mtoto mmoja akifikia hali hiyo, kwa kawaida yuko mwingine aliyeikaribia ambaye bado hajaonekana. Macho yakatugeukia sisi wa kamati. Tulikumbuka sharti la mzee, tukageuza. Tungependa kuandika kwamba hatukusita. Tulisita.

Alikuwa amesema kweli. Tukiwa njiani tuligundua binti wa miaka tisa ambaye soksi zake zilikuwa maji matupu, na vidole vyake havikuwa na hisia. Vilirejea ndani ya gari, kwa maumivu yaliyomliza, chini ya kwapa la mama yake. Mzee wa Tanga hakuuliza habari za ziwa. Alivua fulana yake ya sufu akampa kijana, akakaa na koti lake mpaka Aurora.

Sasa tuliseme lililo letu. Tangazo letu liliandika: “Kila mmoja avae nguo nzito.” Tuliliandika sisi wenyewe, kwa kalamu yetu, na tuliona limetosha. Wazazi walilitii. Yule kijana alivalishwa jinzi nzito, fulana mbili nene za pamba na soksi jozi mbili za pamba, kila kitu kizito kilichokuwamo nyumbani. Lakini pamba hunywa maji na kuyashikilia, na ikilowa huunyonya mwili joto lake. Jinzi iliyolowa ni mbaya kuliko suruali nyembamba iliyo kavu. Kinachofaa karibu na ngozi ni sufu au nguo ya nyuzi za kiwandani kama poliesta, juu yake kitu cha kuhifadhi joto, na juu ya vyote koti na suruali visivyopitisha upepo wala maji. Kampuni ilitutumia maelezo hayo wiki mbili kabla. Tuliyafasiri kwa maneno mawili.

Kuna jambo la pili, ambalo mama wa kijana alitueleza baadaye faraghani na kuturuhusu tuliandike bila jina. Aliziona suruali za theluji dukani, akaona bei, akarudi. Alidhani wengine wote wanazo, akaona haya kutuuliza. Sisi tulikuwa na fedha ya kulipia gari na kiongozi, na hatukufikiri kwamba familia inaweza kulipiwa safari ikakosa soksi.

Tangu wiki iliyofuata, kabati lililo chini ya ngazi ya upande wa wanawake lina maboksi manne: suruali za theluji za watoto, soksi za sufu, glavu na makoti, nyingi zikiwa zimetolewa na familia ambazo watoto wao wamekua. Huazimwa bila kuandikwa jina. Anayechukua huchukua baada ya sala yoyote, na funguo iko kwa mke wa imamu. Tangazo jipya ni refu, na akina mama watatu walilisoma na kulisahihisha kabla halijabandikwa.

Safari ya pili imepangwa kwa mwezi Machi, kwa kiongozi yule yule, na kwa kundi dogo zaidi la watembeao. Kijana ameandikisha jina lake, na tumeliona limepigiwa mstari mara mbili. Mzee wa Tanga naye yumo, ila kwa upande wa gari tu. Anasema Dream Lake atasimuliwa.